Fundo la Maji

Mwaka juzi niliwabebea mizigo wageni waliokuja kuingia mapangoni kule milima ya Matumbi, Kilwa. Siku nne tu, nikarudi Mikindani najiona fundi. Mmoja wao alikuwa amenifundisha kuunga ile mikanda bapa ya kupandia miamba, kwa fundo wanaloliita fundo la maji.

Ncha moja unaipiga fundo la kawaida, unaliacha legevu. Ncha ya pili inaingilia mkiani mwa ya kwanza, yaani kwenye kile kipande kinachobaki nje ya fundo, na kufuata njia ileile kinyumenyume, mpaka mikanda ilaliane bila kujipinda. Kisha unavuta kwa nguvu zote. Alinisisitizia: mikia ibaki sentimita 8 au zaidi, na ulikague fundo kila mara kabla ya kulitumia, maana mkanda unateleza. Ukikazwa na kulegea, ukikazwa na kulegea, fundo linameza mikia yake polepole. Nikamwitikia "ndiyo, ndiyo" huku jicho liko kwenye sufuria ya wali.

Idi ilipofika nikawafungia watoto bembea. Mkanda nikaupitisha juu ya tawi la mwembe, nikaunga ncha, nikatia kibao. Ulikuwa mfupi, nami nilitaka bembea ishuke, basi nikaifupisha mikia.

Mama akapita na ungo wake, akainama.

"Mbona vimikia vyenyewe kama vya mbuzi?"

"Mama, hii ni sayansi."

Watoto wakabembea tangu swala ya Idi mpaka adhuhuri. Kwenda, kurudi, kwenda, kurudi. Sikukagua hata mara moja. Nilikuwa na kazi ya kuwatajia majirani jina la fundo.

Ndipo akatoka mjomba, kanzu mpya nyeupe, sahani ya pilau mkononi. Mjomba wetu ni kilo mia na ushee.

"Kaa bila wasiwasi, mjomba. Fundo hili linabeba watu mapangoni."

Akakaa. Akajisukuma kwa kidole gumba cha mguu, mara moja tu. Nikauona mkia unaingia ndani ya fundo taratibu, kama kichwa cha kobe.

Puu! Mjomba mchangani, pilau kifuani, kachumbari kwenye ndevu. Watoto kimya. Mama akageukia ukuta, mabega yanamtikisika.

Mjomba hakuinuka. Alitoa kipande cha kitunguu sikioni, akakitazama.

"Mpwa wangu, umesema linaitwaje?"

"Fundo la maji, mjomba."

"Haya, kayalete hayo maji."