Samurai Waliofilisika Kabla ya Kuvuliwa Panga

Anguko la samurai, tabaka la wapiganaji wa Japani ya kale, husimuliwa zaidi kwa mwaka 1876, pale serikali ya Meiji ilipopiga marufuku kubeba panga hadharani na kugeuza posho zao za kurithi kuwa hati fungani, na kwa mwaka 1877, Saigō Takamori alipokufa akiongoza uasi wa samurai wa jimbo la Satsuma. Sibishi, ila naona hayo ni mazishi tu, ilhali ugonjwa wenyewe ulikuwa umelala ndani ya nyumba zao miaka mingi.

Tuwatazame akina Inoyama wa Kanazawa, wahasibu wa bwana wa jimbo la Kaga, ambao madaftari yao ya matumizi ya nyumbani yamesalia. Kufikia mwaka 1842 deni lao lilikuwa takriban mara mbili ya kipato chao cha mwaka. Kilichowala ni cheo chenyewe, kwa kuwa samurai alipaswa kuweka watumishi, na hapakupita harusi, msiba wala ziara ya jamaa bila zawadi na karamu. Wengi wa tabaka lao walizidi kukopa ili aibu isionekane. Akina Inoyama waliuza nguo na vyombo vya chai, wakapatana na wadai, wakaanza kuandika kila tumizi. Katika sherehe ya mtoto, ambapo desturi ilidai samaki aitwaye tai (asichanganywe na ndege wetu), walitenga samaki wa kuchorwa. Najaribu kuwaza mikono iliyoiweka picha ile mezani, kwa adabu ileile ambayo ingemstahili samaki wa kweli.

Samurai walizoea kuidharau abakasi, fremu ya shanga za kuhesabia, wakiiona chombo cha wachuuzi. Baada ya mapinduzi ya 1868 yaliyoiweka serikali ya Meiji madarakani, kazi hiyohiyo ya hesabu ilimpatia Inoyama Nariyuki mshahara mnono katika jeshi jipya la wanamaji, huku samurai wengi wakishikilia hati fungani ambazo thamani yake ilimezwa na mfumuko wa bei uliofuata vita vya 1877. Waliojaribu kufungua maduka walifilisika kwa wingi, hadi Wajapani wakawa na msemo, "biashara ya samurai", wa kumcheka mtu anayefanya biashara asiyoijua.

Wapo watakaosema Nariyuki alibahatika. Mimi nakumbuka kwamba alizaliwa katika nyumba iliyokwisha kuuza vyombo vyake vya fahari, ikabaki na abakasi.