Fundi, uliza kwanza sevu ziko wapi

Nimekasirika, na niliacha kwanza siku zipite nione kama hasira itapoa. Haikupoa, kwa hivyo naandika.

Mpwa wangu ana Switch, mashine ya gemu ya Nintendo, aliyoletewa na babake, ambaye ni baharia na huonekana nyumbani miezi michache tu kwa mwaka. Mashine ikaanza kukwama kwenye nembo kila ikiwashwa. Dada yangu akaipeleka duka moja mjini Mombasa, akaambiwa arudi jioni. Jioni akaikuta inawaka vizuri kabisa. "Nimeiflashi, mama, sasa iko kama mpya," fundi akamwambia, yaani ameifuta yote na kuirudishia mfumo upya. Dada akauliza, je, na gemu za mtoto? Akajibiwa asiwe na wasiwasi, hizo zote ziko kwenye memori kadi. Akalipa, akapanda matatu ya Tudor, akaenda zake nyumbani na moyo mkunjufu. Mtoto alipoiwasha, mashine ikamtaka achague lugha, kisha saa, kisha atengeneze jina la mtumiaji. Akaichomeka kadi ya gemu yake. Gemu ikafunguka, lakini kuanzia mwanzo kabisa, kama kwa mtu ambaye hajawahi kuigusa.

Watu wazima wakisikia sevu za gemu, yaani hatua aliyofikia mchezaji iliyohifadhiwa, zimepotea, wengi huona ni mambo ya kitoto, mtoto atalia leo na kesho atasahau. Kwa hivyo hebu niseme kilichopotea ni nini hasa.

Gemu yenyewe ni Animal Crossing: New Horizons, iliyotoka Machi 2020. Unapewa kisiwa kitupu, unakijenga. Yeye chake alikiita Wasini. Saa ya gemu hufuata saa ya kweli: kwenu kukiwa usiku, kisiwani nako ni usiku, na miezi vivyo hivyo. Kuna makumbusho yanayosimamiwa na bundi, na mchezaji huvua samaki mmoja wa kila aina ampelekee, aina 80 kwa jumla. Baadhi ya samaki hao wana msimu wao. Papa shilingi, yule yule anayepita huku kwetu Diani, kisiwani hutokea Juni hadi Septemba tu, ikiwa umechagua kisiwa cha upande wa kaskazini wa dunia. Ukimkosa, ngoja mwaka mwingine. Silakanti, samaki wa kale ambaye mmoja wake alinaswa karibu na Malindi mwaka 2001, yeye hatoki ila mvua inyeshe kisiwani. Basi mpwa wangu alikuwa anaamka, anaangalia kama kuna mvua Wasini, anachukua mshipi wake kabla hata ya chai. Papa shilingi alimpata. Alinitumia picha ya skrini na ujumbe: "Mjomba, niliona pezi tu, nikajua ni yeye!" Mtoto aliyezaliwa na kukulia pwani alikuwa anajifunza majira ya samaki kwa subira ambayo sisi wengine hatuna.

Na kuna jambo jingine ambalo fundi hakulijua, na hakujishughulisha kulijua. Switch moja hubeba kisiwa kimoja tu, watumiaji wote wa mashine hiyo wanaishi humo pamoja. Babake alipokuwa likizo alijitengenezea mtu wake, akajenga nyumba yake jirani na ya bintiye. Gemu ina posta. Alikuwa anamwandikia barua za humo humo, naye anaziweka. Nyumba ile na barua zile zimefutika kwa kubonyeza mara moja.

Gemu hununuliwa tena. Mashine pia, pesa zikipatikana. Lakini kile kisiwa hakuna duka linalokiuza, kwa maana kilijengwa kwa wakati wa mtoto na wakati wa babake, na huyo baba wakati wake nyumbani ni wa kuhesabu. Ndiyo sababu sikubali mtu aniambie ni mchezo tu.

Sasa tuje kwenye ukweli wa mashine yenyewe, maana uongo ule wa memori kadi nimeusikia mara nyingi mno hapa mjini. Switch haiweki sevu kwenye kadi ya gemu, wala haiweki kwenye memori kadi. Memori kadi hubeba gemu ulizopakua, masasisho, picha na video za skrini. Sevu zote, ziwe za gemu ya kununua dukani au ya kupakua, hukaa kwenye hifadhi ya ndani ya mashine: zile GB 32 za Switch ya 2017, au GB 64 za toleo lenye skrini ya OLED. Hakuna menyu ya kuzikopi zije kwenye kadi. Switch 2, iliyotoka Juni 2025, nayo imefuata njia hiyo hiyo. Ukiifuta mashine umefuta sevu, hata kama kadi zote umezishika mkononi.

Na hapa ndipo hasira yangu ilipo. Switch ikikwama kwenye nembo, unaizima kabisa, unashikilia vibonyezo vyote viwili vya sauti, cha kuongeza na cha kupunguza, halafu unabonyeza cha kuwashia. Inafunguka menyu fupi ya matengenezo. Humo mna chaguo la kusasisha mfumo, mna la kurejesha mashine bila kufuta sevu, na mna la kufuta kila kitu. Yameandikwa kwa maneno kamili, si kwa msimbo wa kufasiri. Lile la kubakiza sevu lipo pale pale, jirani na lile lililobonyezwa. Gemu za kupakua zingeondoka, sawa, zingepakuliwa tena. Wasini ingebaki.

Siwezi kuapa kwamba ingefaulu. Hifadhi ya ndani ikiwa imeharibika, hakuna menyu itakayokuokoa. Lakini mashine hii baada ya kufutwa imefanya kazi bila kukwama hata kidogo, na hilo linaniambia hifadhi ilikuwa nzima. Njia ya kwanza ilistahili kujaribiwa kabla ya ile isiyo na marejeo. Kuanza na dawa kali zaidi kwa sababu ni ya haraka, na mgonjwa si wako, huo si ufundi.

Mafundi wetu nawapa haki yao, ingawa leo nafanya hivyo kwa shingo upande. Ni watu wanaobadilisha tundu la chaja chini ya taa ndogo, kwenye kibanda chenye joto la Mwembe Tayari, kwa bei ambayo kwingine hata hawatakufungulia skrubu. Na tabia ya kuflashi najua imetoka kwenye simu. Kwenye simu, namba ziko Google, WhatsApp ina bekapu, picha nyingi ziko kwenye kadi, kwa hivyo mteja akirudishiwa simu iliyofutwa, jioni hiyo hiyo amesharudi kwenye maisha yake. Fundi amefanya hivyo miaka na miaka bila malalamiko, akachukulia kila chenye skrini ni simu. Naelewa. Lakini kutojua si kosa kubwa kama kujibu kwa uhakika usichokijua. Dada yangu aliuliza. Aliuliza swali sahihi kabisa, tena mapema, akajibiwa kwa kujiamini.

Mzigo wote siutupi kwa fundi. Nintendo wenyewe wana sehemu yao, na kubwa. Tangu Septemba 2018 wana huduma ya kuhifadhi sevu kwenye klaudi, yaani kwenye kompyuta zao za mtandaoni, lakini imefungiwa ndani ya uanachama wa kulipia, dola 19.99 kwa mwaka kwa mtu mmoja. Ukiacha kulipa, wanakuwekea siku 180, basi. Tena si gemu zote zinazokubaliwa. Animal Crossing haimo kabisa kwenye huduma ya kawaida. Ina bekapu yake ya kisiwa, iliyokuja Julai 2020, nayo pia inataka uwe mwanachama na uwe umeiwasha mwenyewe. Mzazi wa Kisauni au Likoni atalijulia wapi hilo? Kila ninayemjua hapa mwenye Switch alifungua akaunti kwa anwani ya Marekani au Uingereza, na malipo ya dola ya kila mwaka kwa ajili ya kitu usichokiona si jambo ambalo familia nyingi zitalikumbuka mbele ya karo.

Wanasema gemu fulani zimeachwa nje ya klaudi ili wadanganyifu wasirudishe sevu za nyuma na kuharibu mashindano ya mtandaoni. Haya, nakubali kiasi. Kisiwa cha mtoto, chenye barua za babake, kinashindana na nani?

Maana haikuwa hivi siku zote. Waliokuwa na PSP, mashine ya mkononi ya Sony, wanakumbuka. Sevu zilikaa kwenye Memory Stick, memori kadi yake, ndani ya folda ya PSP, humo folda nyingine iitwayo SAVEDATA, na kila gemu ina folda yake yenye msimbo, kwa mfano ULUS kwa gemu ya Marekani au ULES kwa ya Ulaya, pamoja na kipicha kidogo cha kuitambulisha. Tulikuwa tunachomeka waya kwenye kompyuta ya saiba, tunazikopi kwenye flashi diski, na mtu akimpa binamu yake steji aliyofika ilikuwa zawadi ya kweli. Ukirudisha mipangilio ya kiwandani, kadi haiguswi. Ilibidi ufomati ile kadi yenyewe ndipo upoteze. Hakuna aliyetutoza ada kwa hilo. Mashine ya 2004 ilimwamini mwenye nayo kuliko ya leo.

Nintendo DS nayo iliweka sevu ndani ya kadi ya gemu; riseti mashine unavyotaka, utapoteza jina na mipangilio tu. Game Boy vilevile, isipokuwa kaseti nyingi za zamani, za Pokémon za kwanza zikiwemo, hushikilia sevu kwa betri ndogo, na betri ikifa sevu inakwenda nayo, kwa hivyo mwenye kaseti ya miaka ya 90 asimwachie mtu aifungue ovyo. Steam Deck, mashine nyingine ya mkononi, ina klaudi ya bure, ila ni kwa gemu zinazoikubali tu. Nyingine zinafutika na mashine. Vile vidude vya kichina vya gemu za zamani vinasevu kwenye memori kadi yake, nayo mara nyingi ni dhaifu, ikopi mapema.

Inayonitia hofu kuliko hizo ni Nintendo 3DS, ambazo bado zinaingia kama mtumba. Gemu za kupakua zinasevu kwenye kadi ya SD, kwa hivyo fundi akikwambia "iko kwenye kadi" hajadanganya. Lakini faili zile zimefungwa kwa ufunguo wa mashine ile. Ukiifomati mashine, ufunguo unabadilika. Kadi bado imejaa, faili unaziona kwenye kompyuta, na 3DS haizitambui tena. Na kwa kuwa duka lake la mtandaoni lilifungwa kwa ununuzi Machi 2023, ambacho hukuwa umekinunua kabla hutakinunua tena huko. Kwa hiyo hata jibu la kweli la fundi linaweza kukufikisha pabaya, asipojua kinachofuata.

Ninachotaka hakihitaji mtaji. Kila duka linalopokea mashine za gemu lina kitabu cha risiti. Fundi anaandika jina, namba ya simu, ugonjwa wa mashine na bei. Aongeze mstari mmoja: sevu ziko wapi, na zinatakiwa au hazitakiwi. Kama hajui, apige simu kwa mwenzake anayejua, au atafute kwenye simu yake. Dakika chache zinatosha. Wazazi nao, kabla ya kuitoa mashine nyumbani, wamuulize mtoto ana nini ndani, kwa sababu mtoto ndiye anayejua, na mara nyingi ndiye asiyeulizwa. Mashine ikiwa bado inawaka, gemu nyingi za Switch sevu zake zinaweza kuhamishiwa kwenye Switch ya rafiki hadi matengenezo yaishe, bila kulipa uanachama wowote. Animal Crossing ina utaratibu wake wa kuhamisha kisiwa, tofauti na hizo nyingine, nao pia unataka mashine iwe hai. Kwa hivyo mashine ikianza tu kusuasua, usingoje ikwame.

Na ikiwa kweli hakuna njia ila kufuta, fundi aseme hivyo kabla hajagusa chochote, aeleze nini kitapotea, na aisubirishe mashine mezani ikiwa imezimwa mpaka mwenyewe aamue.