Mbuzi Alivyomnyoa Bibi Zabibu

Kwenye skripti, ukurasa mmoja huhesabiwa kama dakika moja hewani. Kipindi chetu cha vikaragosi kilikuwa cha dakika saba, nami nikaandika kurasa saba, sini saba, yaani vipande saba vya hadithi. Kwenye sini ya 2 nikachomeka mstari mmoja: "Mbuzi anapita, anamtazama Bibi Zabibu, anaondoka." Mistari ya namna hiyo huandikwa mtu akiwa na chai mkononi. Kwenye ratiba ya kurekodi, mstari huo ulikula asubuhi nzima.

Sini hazirekodiwi kwa mfuatano, ni kwa mahali. Sini ya 1, 6 na 7 tulizimaliza jana yake uani Kizota, mjini Dodoma. Ya 2 hadi 5 zikabaki za shamba la zabibu nje ya mji. Bibi Zabibu ndiye kikaragosi chetu: kichwa ni sponji iliyovikwa kitambaa, mikono inaendeshwa kwa vijiti vya waya, na nywele ni katani. Katani, jamani! Nyuzi za mkonge, Dodoma, Septemba, jani bichi ni hadithi.

"Huyu mpole, mzee," mwenye mbuzi akanihakikishia. "Hata watoto wanampanda."

Mchezeshaji kikaragosi alilala chali chini ya mizabibu, mkono juu, macho kwenye skrini ndogo kifuani. Bibi akatikiswa mara moja, akavutwa kulia. Kwenye skrini kukajaa meno. Kijana wa watu, aliyefundishwa asikatishe sini hadi aambiwe, akaendelea na maneno yangu kama yalivyoandikwa: "Karibu mgeni, karibu chakula!"

Mgeni akala. Mbuzi alipong'olewa, Bibi alikuwa na upara toka utosini hadi sikio la kushoto.

Mwongozaji akanigeukia. Sini ya 1 Bibi ana nywele, ya 6 anazo tena, na katikati hana. Tukamfunga kanga kwa sini ya 3 hadi ya 5, mimi nikaketi juu ya kreti kutafuta maneno ya kuzirudisha nywele. Nikaandika: "Nitapitia saluni nikasuke." Mchezeshaji akakataa. Mdomo hufunguliwa kila silabi, hapo zipo kumi na mbili, na mkono wake ulishaanza kufa ganzi. Nikapunguza: "Nakwenda saluni!" Sita. Akakubali.

Tunafungasha vifaa, mwenye mbuzi akaja na kamba mkononi.

"Mzee, kesho mnamtaka saa ngapi?"