Yule mtoto wangu yuko wapi?

Bibi yangu wa Kibosho hana mazoea ya kubishana na televisheni. Huangalia kimya, kiganja shavuni, na tamthilia ikiisha husema "haya", kisha huenda kuangalia kama zizi limefungwa. Jioni moja mwaka jana alibishana.

Katika tamthilia aliyokuwa akiifuata kulikuwa na mtoto wa kiume wa miaka kama minane, mpole, mwenye pengo mbele. Kila baba na mama yake walipoanza kugombana, alijificha nyuma ya pazia la sebuleni, vidole vya miguu vikabaki nje. Bibi alimpenda kwa ajili ya vile vidole. Basi mtoto akapelekwa shule ya bweni. Wiki tatu baadaye geti likafunguliwa, akaingia kijana mwenye sauti nzito na ndevu zinazochipuka, akamkumbatia yule mama na kusema, "Mama, nimerudi."

Bibi akanigeukia. "Huyu nani?"

Nikamwambia ni yule yule, amekua.

"Kwa wiki tatu?" Akamtazama tena, kwa muda mrefu, kama anavyomtazama mgeni aliyepiga hodi usiku. "Huyu simjui. Yule mtoto wangu yuko wapi?"

Tangu siku ile swali hilo halijaniacha, na nimekuja kuamini kwamba Bibi alikuwa na haki ya kuuliza. Mtoto wa tamthilia ndefu aachwe akue. Akue mbele ya macho yetu, kwa muda ule ule wanaoutumia watoto wetu kukua. Mimi si mtu wa filamu, ni mtazamaji tu, lakini nimekaa kwenye mkeka wa Bibi miaka mingi kiasi cha kujua mtazamaji anaumia wapi.

Wanaotoka Kilimanjaro watanielewa haraka. Mwezi wa kumi na mbili ukifika, mabasi ya kutoka Dar yanajaa, na daladala za Kibosho, Machame, Marangu na Rombo zinapandisha mlima zimebeba maboksi, mabegi na watoto waliolala. Bibi ana wajukuu kumi na wanne na vitukuu tisa. Wengi wao huwaona mara moja kwa mwaka. Kwa hiyo anawajua kwa vipande: Desemba hii anatambaa, Desemba ijayo anakimbiza kuku kwenye migomba, Desemba nyingine anatoa shikamoo huku macho yako kwenye simu. "Jamani, amekua!" tunasema wote, na tunacheka. Neno hilo lina furaha, ila lina uchungu wake pia, kwa sababu anayelisema anakiri kwamba mtoto alipokuwa akikua, yeye hakuwepo.

Katika kihamba kile, yaani shamba la nyumbani, mwaka mzima, viumbe wanaokua mbele ya macho ya Bibi ni ndama na migomba. Na mtoto wa kwenye tamthilia, kila siku ya kazi, saa moja na nusu jioni. Yule alimwona jino lake likitoka. Alikuwa anangoja kuona lingine likiota. Kumnyang'anya mtoto huyo na kumletea kijana wa ndevu ni kumfanyia Desemba nyingine, tena mahali pekee ambapo alikuwa ameepukana nayo.

Mtindo huu tumeukuta, haukuanzia kwetu. Marekani umezoeleka hadi mashabiki wameupa jina kama la maradhi: ugonjwa wa tamthilia wa kukua haraka. Chukueni The Bold and the Beautiful, iliyoanza Machi 1987. Hope, binti wa Brooke, alizaliwa ndani ya tamthilia mwaka 2002. Kufika 2010 alikuwa msichana mkubwa, sura ya mavazi ya kampuni ya familia, na vijana wanamgombea. Mdogo wangu aliyezaliwa mwaka huo huo wa 2002 alikuwa darasa la pili, anabeba fagio na kidumu cha maji kwenda shuleni. Wakati huo Brooke mwenyewe anaigizwa na Katherine Kelly Lang tangu sehemu ya kwanza kabisa. Mama anakwenda kwa saa ya kawaida, mtoto anarushwa.

Sababu zipo, na ni za kweli. Mtoto anachoka, anasahau maneno, anataka kulala. Sheria nazo zinabana: California, kichanga cha chini ya miezi sita kinaruhusiwa kukaa mahali pa kazi saa mbili tu, na ndani ya hizo kufanya kazi dakika 20 kwa siku. Ndiyo maana wenzetu huchukua mapacha wapokezane nafasi moja. Halafu kuna hadithi yenyewe. Tamthilia inakula mapenzi, urithi, usaliti na harusi zinazovunjika kanisani, na mtoto wa miaka minane hana cha kuchangia humo. Mwandishi anaona ana mzigo. Ama amvute awe mkubwa, ama amfiche.

Kufichwa nako kuna historia yake. Coronation Street ya Uingereza inaonyeshwa tangu Desemba 1960. Tracy Barlow alizaliwa humo mwaka 1977, na hadi leo ameigizwa na watu wanne. Watazamaji wa huko wana utani wa miaka mingi kwamba utoto wake wote alikuwa ghorofani anasikiliza kanda zake za muziki. Kwetu hakuna ghorofa, kuna "nenda kacheze nje". Hesabuni siku moja ni mara ngapi mtoto katika tamthilia zetu anaambiwa hivyo, halafu mjiulize huko nje anacheza nini, na nani, na kwa nini kamera haimfuati hata mara moja.

Lakini kuna waliojaribu kungoja, na ninayemjua zaidi nimemjua kupitia shangazi yangu, ambaye ni muuguzi Uingereza tangu 1999. EastEnders, tamthilia ya huko huko, ilianza tarehe 19 Februari 1985, na Julai mwaka huo akazaliwa Martin Fowler, mtoto wa kwanza kuzaliwa ndani ya tamthilia hiyo. Jon Peyton-Price alimwigiza tangu uchanga hadi 1996. Miaka kumi na moja, sura ile ile. Akaja James Alexandrou hadi 2007, na tangu 2014 akawa James Bye. Sura ilibadilika, miaka haikurukwa: kila mtu aliyezaliwa 1985 aliweza kujipima naye, huyu ana miaka kumi na mimi kumi, huyu ameoa na mimi nimeoa. Februari 2025, katika sehemu iliyorushwa moja kwa moja kuadhimisha miaka 40 ya tamthilia, Martin akafa. Alikuwa na miaka 39.

Shangazi alituma sauti WhatsApp usiku ule. "Wamemuua Martin," alisema, na sauti ilikuwa imekauka. Sisi huku Moshi tukadhani ni mgonjwa wake, au jirani. Tukaanza kumpa pole za msiba kabla hatujaelewa. Na tulipoelewa, hakuna aliyezirudisha zile pole. Alikuwa amekaa na kijana yule jioni baada ya jioni katika nchi ya baridi, kwa miaka ambayo sisi ndugu zake tulimwona Desemba tu.

Mfano wa pili ndio ulionifanya niandike. General Hospital ya Marekani ipo tangu 1963. Mwaka 1985 aliingia humo mtoto wa miaka saba, Kimberly McCullough, akaigiza msichana anayeitwa Robin Scorpio. Alikulia pale. Mwaka 1995 Robin, binti wa miaka kumi na saba hivi, alimpoteza mpenzi wake Stone kwa UKIMWI, na yeye mwenyewe akagundulika kuwa na virusi. Wangeweza kumleta mgeni, msichana mpya, akaugua, akafa, tukasahau. Walimpa habari hiyo mtoto ambaye watazamaji walimjua tangu akiwa na mashavu ya kitoto, wakamwacha aishi na virusi, akasoma, akawa daktari.

Miaka ile ile sisi tulikuwa na Twende na Wakati, mchezo wa Redio Tanzania ulioanza 1993, na Mkwaju, dereva wa lori mwenye wanawake kila kituo, aliyeishia kupata UKIMWI. Kuna watu wanaitwa Mkwaju mpaka leo kwa sababu ya tabia zao. Bibi anamkumbuka vizuri sana Mkwaju na mkewe Tunu. Siku moja tukiwa jikoni, anamenya ndizi za mtori na mimi nachochea moto, nilimsimulia habari za Robin.

"Mkwaju tulimwona akiyatafuta," alisema. "Huyo wako je?"

"Huyo walimjua tangu ana miaka saba."

Kisu kikasimama. Utomvu wa ndizi ulikuwa umemganda vidoleni mweusi. "Tangu saba?"

"Tangu saba, Bibi."

"Basi huyo ni wa nyumbani," akasema, na akaendelea kumenya, taratibu kuliko mwanzo.

Mkwaju alitufundisha kuogopa, na ilihitajika. Robin aliwafanya watu wasiojuana washike simu na kuulizana "umeona?", kwa sababu msiba umeingia kwa mtoto wao. Hilo hulipati kwa kuruka miaka. Linanunuliwa kwa miaka kumi ya kumwonyesha akila, akinuna, akifanya hesabu zikimshinda.

Na sisi sasa tuna muda huo. ITV ilipoanza mwaka 1994, chini ya marehemu Reginald Mengi, mwana wa Machame hapa hapa, hatukuwa na tamthilia zetu za kwenda miaka. Tulifuata za wengine. Isidingo ya Afrika Kusini ilianza Julai 1998 ikaisha Machi 2020, na aliyezaliwa mwaka ilipoanza alikuwa mtu mzima ilipozimwa. Leo tunazo za kwetu, zinazozungumza Kiswahili ambacho Bibi hahitaji mjukuu wa kumtafsiria. Huba ipo tangu 2017. Mtoto wa miaka saba wa mwaka ule leo yuko sekondari. Tunaweza kumlea mtoto kwenye skrini tukitaka.

Na asiseme mtu kwamba maisha ya mtoto hayana hadithi. Nani aliyelelewa Moshi hakumbuki mwaka wa kipaimara? Mafundisho kila Jumamosi, gauni jeupe linaloshonwa kwa siri kwa sababu baba hajakubali bei, ndugu wa Dar wanaoahidi na wasiotokea, mbuzi aliyekwisha hesabiwa. Hiyo peke yake ni miezi mitatu ya tamthilia. Kuna mtihani wa darasa la saba na ile kimya ya kungoja matokeo, nyumba nzima inajifanya haifikirii. Kuna rafiki aliyefaulu na mwingine akabaki, na namna wanavyokwepana njiani. Kuna msichana aliyevunja ungo akiwa kwa shangazi na hajui amwambie nani. Kuna mtoto anayegundua, kwa kusikiliza watu wazima wanaodhani amelala, kwamba anayemwita dada ndiye mama yake. Huyo mtoto aliye nyuma ya pazia anasikia kila kitu. Mwandishi angemfuata yeye mwaka mmoja tu, angepata urithi, usaliti na harusi zote anazozitaka, tena kwa jicho ambalo bado hatujalizoea.

Ila ukimtaka mtoto kwa miaka kumi, umtunze kwa miaka kumi. Niliwahi kusimama pembeni ya lokesheni moja Njiro, Arusha, saa nne usiku. Mtoto wa miaka kama sita alikuwa amelala kwenye kiti cha plastiki, amevaa sare ya shule ya kuigizia, soksi zimeshuka, anangoja kuitwa. Mama yake alikuwa anampepea mbu kwa kipande cha boksi. Sheria yetu ya Mtoto ya mwaka 2009 inakataza kumfanyisha mtoto kazi usiku, kuanzia saa mbili usiku hadi saa kumi na mbili asubuhi. Hakuna aliyeitaja pale, nami niliondoka bila kuitaja, jambo ninalolijutia. California wana sheria inayotaka asilimia 15 ya malipo ya mtoto mwigizaji iwekwe kwenye akaunti yake, isiguswe na mzazi wala mwajiri hadi afikishe miaka 18. Ningependa kuona kipengele hicho kwenye mkataba wa kila mtoto anayeigiza Tanzania. Ada ya kidato cha tano ya yule aliyelala kwenye kiti itoke humo.

Bibi hakuirudia ile tamthilia ya kijana wa ndevu. Kwa miezi kadhaa alikuwa anazima mapema. Sasa amepata nyingine, yenye binti mdogo anayesukwa na bibi yake barazani, na nimeona ameanza tena kuweka kiganja shavuni.

Wiki iliyopita nilikuwa mjini kwa siku nne, kifurushi cha king'amuzi kikaisha. Alinipigia kwa kitochi chake asubuhi, kabla sijanywa chai. Nikatoa shikamoo, akaitika haraka haraka.

"Lipia leo," alisema. "Yule binti anaanza darasa la kwanza Jumatatu, na mama yake hajamnunulia sare."