Kutishwa kwa Risiti

Mimi nilikuwa najua mtu analipa ili asitishwe. Kwetu Mbagala, Dar es Salaam, kila mwisho wa mwezi nachangia ulinzi shirikishi, vijana wenye virungu wazunguke usiku nami nilale. Mlango wa mbele nimeweka grili, wa nyuma makomeo mawili, na mama mkwe alipokuja mara ya mwisho alichomeka kitu juu ya kizingiti ambacho sikuuliza ni nini, nikalipa tu. Hela yote hiyo ni ya kununua usingizi. Sasa nieleze, ndugu yangu, ilikuwaje nikasimama Forodhani, Unguja, saa moja na nusu usiku, nahesabu noti nimpe kijana wa watu ili anitie hofu.

Mwenye wazo ni mama Zuhura. Tulivuka maji kwa harusi ya binamu yake, harusi ikaisha salama, mimi nawaza boti ya kurudi. Yeye alikuwa ametoka kupokea mchezo, ile hela ya akina mama wanayochangiana kwa zamu, na inamuwasha. Akaona bango pale mapokezi kwenye nyumba ya wageni: matembezi ya usiku, mizimu ya Mji Mkongwe. "Baba Zuhura, twende na sisi, wenzetu wanatembea." Nikamwambia mizimu tunayo nyumbani. Mwenye nyumba anayetaka kodi ya miezi sita kwa mpigo, huyo mzimu. Yule dada wa mkopo wa kausha damu anayekuja na daftari Jumatatu asubuhi, nikisikia hodi yake naingia uvunguni, huyo ni jini kamili tena halingoji giza. Sikusikilizwa. Mtu akishapokea mchezo hasikii.

Bei yenyewe imeandikwa kwa dola. Nikauliza, na Mtanzania je? Mtembezaji, kijana mpole mwenye kofia ya viua, akatabasamu: "Mzee wangu, mzimu hauulizi kitambulisho." Tukavutana pale mpaka akapunguza kidogo, akaniomba nisiwaambie wenzangu. Wenzangu walikuwa wazungu watano, kaptula na chupa za maji, na mmoja kajipaka dawa ya mbu mpaka mbu wa Forodhani nzima wakahamia kwangu. Mishkaki inanukia hatua tatu kutoka tuliposimama. Nikasema ngoja nichukue hata viwili. Kijana akasema chakula baadaye, mtu akishiba haogopi. Kwa hiyo ni hela yangu, na njaa pia yangu.

Kituo cha kwanza hatukwenda mbali. Akatugeuzia kwenye majumba ya kifalme, akaanza kwa Kiingereza. Mikono inaruka, mizinga inalia mdomoni mwake, wageni wanashika vifua. Akaeleza mpaka mate yakamkauka. Alipomaliza akatugeukia sisi wawili: "Hapa palipigwa vita."

Nikasubiri. Kumbe ndiyo imekwisha.

"Kijana," mama Zuhura akamwambia, "sisi tumelipia vita nzima."

Ikabidi airudie. Tarehe 27 Agosti 1896, Seyyid Khalid bin Barghash yuko kwenye kiti cha usultani siku ya tatu, Waingereza hawamtaki, meli zao zimejipanga hapo baharini. Saa tatu asubuhi wakafyatua. Dakika kama 38 mambo yamekwisha, watu wapatao 500 wa upande wake wameuawa au kujeruhiwa. Hata nusu ya kwanza ya mpira haijafika mapumziko. Khalid akapenya kwenye ubalozi mdogo wa Ujerumani, na baadaye Wajerumani wakamvusha mpaka Dar es Salaam. Hapo nikafurahi kidogo. Kumbe mtu kukimbilia Dar akizidiwa na matatizo si jambo la leo, na aliyetutangulia alikuwa mkubwa.

Akatuonyesha na Beit al-Ajaib, nyumba ya maajabu ya Sultani Barghash ya mwaka 1883, iliyokuwa na taa za umeme na lifti wakati sisi wengine babu zetu wanapepea moto kwa ungo. Ubavu wake uliporomoka Desemba 2020. Akaanza habari za kivuli kinachopita barazani usiku, mimi nikamuuliza kama kuta zilizobaki ni imara. Akasema tusogee mbali kidogo. Hilo ndilo neno la kwanza la maana nililolisikia tangu nitoe hela.

Shangani tukasimama nje ya Mambo Msiige, jumba la kale la ufukweni ambalo leo ni sehemu ya hoteli ya wenye nazo. Simulizi za mji zinasema aliyelijenga alichanganya chokaa na mayai kwa maelfu ili kuta zishike, na watumwa wakazikwa humo ukutani wakiwa hai. Wageni wakauliza sana kuhusu mayai. Mimi nikauliza hao walio ukutani wanaitwa nani. Kijana akafikiri. Hawana majina, mzee, ni sauti tu.

Unaona mambo hayo? Usiku ule mzima sultani akitokea anatokea na jina lake, jina la baba yake na kilemba. Tippu Tip, mfanyabiashara wa pembe na watumwa, nyumba yake ipo hapo hapo Shangani na anatajwa kwa heshima zote. Mnyonge akifa anakuwa sauti. Kumbe hata kuzimu kuna daraja la kwanza na la tatu. Nikatazama taa za ile hoteli, nikapiga hesabu ya mshahara wangu, nikaona mwezi mzima haunilazi humo usiku mmoja. Nikaacha hesabu.

Tukaingia vichochoroni. Nakuambia ukweli, Mji Mkongwe hauna haja ya mzuka, una vespa. Uko kwenye uchochoro ukinyoosha mikono unagusa nyumba mbili, kijana anasimulia bibi arusi asiye na miguu, mara chombo kinakata kona bila taa, mtu kabeba mkate na gunia la mbatata. Ukijibana ukutani, unamkanyaga paka. Paka naye anapiga ukelele wake. Mama wa Kizungu akaruka akanishika mkono, halafu akacheka kwa furaha, akamshukuru kijana. Kamshukuru! Paka yule hata si mfanyakazi wake.

Karibu na Sokomuhogo taa ikazimika. Wageni wakapiga vigelegele wakidhani ni sehemu ya ratiba. Mimi nikauliza kwa mazoea, wamekata au uniti zimekwisha? Kijana akasema hilo si kitu, mzee wangu, wewe hukuwepo kebo ya chini ya bahari inayoleta umeme kutoka bara ilipoharibika. Desemba 2009 mpaka Machi 2010, miezi mitatu, Unguja giza tupu. Nikamwambia basi mizimu ilifanya sherehe. "Wallahi hapana," akasema. "Kila nyumba yenye uwezo ina jenereta mlangoni. Mzimu utalia, nani amsikie?"

Huyo kijana nikaanza kumpenda.

Mkunazini hakuna aliyepiga kelele. Kanisa la Anglikana pale limejengwa palipokuwa soko la watumwa, lililofungwa mwaka 1873, na altare ipo ilipokuwa nguzo ya kuwachapia viboko. Uani kuna shimo lenye sanamu za watu watano, minyororo shingoni. Geti lilikuwa limefungwa, tukasimama nje. Kijana akataka kuingia kwenye habari za vilio vya usiku, mama Zuhura akamkata: "Mwanangu, hapa usituongezee kitu." Akanyamaza. Mmoja wa wale wageni akavua kofia. Tukaendelea na njia.

Laiti tungeishia hapo. Lakini kijana alikuwa amebakiza kiporo chake, na alikitoa Kiponda, karibu kabisa na tulipofikia. Kwa wageni akasema sentensi moja ya Kiingereza, kitu kama popo mkubwa, wakacheka, wakaenda kupiga picha mlango wenye miiba ya shaba. Halafu akatusogelea sisi, akashusha sauti. Yale maelezo yote tuliyodhulumiwa tangu Forodhani akatulipa hapo, na riba.

Popobawa. Mwaka 1995 alianzia Pemba, akaja Unguja. Anaingia chumbani mtu amelala, na anachomfanyia, hasa mwanamume, mimi siandiki, watoto wanasoma. Aliyepatikana sharti atangaze kwa watu. Akiona haya akanyamaza, anarudiwa. Watu wakahama vyumba vyao. Familia na majirani wakatandika mikeka nje, wakawasha moto, wakalala kwa mafungu, maana huyu hushika waliolala ndani. Mwaka ule ndio uchaguzi wa kwanza tangu vyama vingi virudi, na wapo wanaosema misimu ya uchaguzi ndiyo yake. Nikasema basi hana tofauti na wengine wanaotutembelea msimu huo. Hakuna aliyecheka. Mama Zuhura alikuwa ameshanikamata shati.

"Bara alifika?" akauliza.

"Alifika, mama. Mwaka 2007 habari zake zilikuwa Dar."

"Dar gani?"

"Dar tu."

Hiyo "Dar tu" ndiyo iliyoniponza. Ungemtajia mtaa, hata Mbezi, angetulia.

Wageni wakaagana naye kwa bakshishi nono na nyuso zimekunjuka. Wakaenda zao kula. Sisi tukarudi chumbani, chumba chenye kiyoyozi ambacho nilikuwa nimekilipia asubuhi. Mama Zuhura akasimama mlangoni na pochi yake kwapani. "Baba Zuhura, mimi humo silali." Nikamweleza kiyoyozi. Akaniambia hao watu wa 1995 unadhani hawakuwa na vitanda? Tukapanda darini, juu kabisa kwenye paa la wazi, mkeka mmoja, shuka mbili. Nikataka kulala upande wa ukutani, akanikatalia, nilale upande wa nje. Sababu akaitoa bila haya yoyote: "Si wanaume ndio anaowataka? Basi aanzie kwako."

Yeye akalala fofofo. Mimi nilibaki na mbu wa Malindi na jogoo wa jirani asiyejua saa, nikijifunika na kujifunua. Kila popo akipita, na pale popo wapo, nasoma dua zote nilizofundishwa chuoni na nyingine natunga.

Asubuhi nikashuka mapokezi na hoja yangu safi. Chumba hatukukilalia, kiyoyozi hatukukiwasha, kitanda kimetandikwa vile vile, nirudishiwe hata nusu. Binti wa pale, mtandio wake umekaa vizuri, sauti ya asali, akaniuliza:

"Kwani mlilala wapi, baba?"

"Darini."

Akafungua daftari lake. Akaniambia darini ni pa kupatia staftahi na kutazama jua likizama. Kulala huko hakuna bei yake, kwa hiyo wao wanahesabu kama chumba cha mandhari ya bahari, na chumba cha mandhari ya bahari ni ghali kuliko tulichochukua. Nilipe tofauti.

Nikamwambia binti yangu, mandhari gani? Usiku kucha nimejifunika shuka gubigubi, sikuona bahari wala ngalawa.

"Lakini ilikuwepo, baba," akasema, na tayari anaandika risiti.