Watu Wanane Kichochoroni: Ziara za Miguu za Kyoto Zinamfaa Nani?

Saa kumi na moja na nusu jioni, mtaa wa Hanamikoji, eneo la Gion mjini Kyoto. Msichana aliyepakwa uso rangi nyeupe anatoka mlangoni na kushika njia kwa haraka, viatu vyake vya mbao vikigonga mawe. Ni maiko, mwanagenzi anayejifunza sanaa za geiko. Ndivyo Wakyoto wanavyowaita wale ambao kwingineko Japani huitwa geisha, wanawake wanaotumbuiza wageni kwa ngoma, muziki na mazungumzo. Anawahi kazini. Hatua ishirini mbele yake wamesimama wageni wanane, na aliyewaongoza ameshaashiria kwa kidole. Wamelipia saa mbili za kutembea, na kwenye tangazo walilolisoma kabla ya kulipa, picha ya kwanza ilikuwa ya msichana kama huyu.

"Kundi dogo" ndiyo maneno yanayouza ziara hizi. Mgeni anaahidiwa kwamba akitembea na wenzake saba badala ya kushushwa na basi la watu arobaini, atauona mji ulivyo, na mji nao utapata kupumua. Nusu ya kwanza ya ahadi hiyo naikubali. Ya pili ina kasoro, na kasoro hiyo haiko pale wengi wanapoitafuta.

Nianze na sifa, kwa sababu zinastahili. Kyoto ni mji wa kutembewa. Ulipofanywa makao ya mfalme mwaka 794, barabara zake zilipangwa kwa miraba kwa kufuata Chang'an, mji mkuu wa China ya wakati huo, na mpaka leo miraba hiyo inasomeka. Milima imeuzunguka pande tatu, mto Kamo unapita katikati, na mtu akipotea anainua macho tu kutafuta mlima. Mwaka 1945 jina la Kyoto lilikuwemo katika orodha ya miji iliyofikiriwa kupigwa bomu la atomiki, hadi Henry Stimson, waziri wa vita wa Marekani, alipoliondoa. Bila uamuzi ule, leo pasingekuwa na la kuandika hapa. Maeneo 17 ya Kyoto na miji jirani ya Uji na Otsu yaliingia katika Urithi wa Dunia mwaka 1994.

Kisha kuna suala la mabasi. Usafiri wa umma wa Kyoto unategemea sana mabasi ya mji, na mabasi hayo ndiyo wageni waliyoyajaza mpaka mwenyeji mwenye kikapu cha sokoni akawa anaachwa kituoni. Mji ulifikia hatua ya kufuta tiketi ya basi ya kutwa, ambayo watalii waliipenda mno; ilikoma kutumika mwaka 2024. Mwaka huohuo yakaanzishwa mabasi maalumu ya watalii kwa nauli ya yeni 500, wakati basi la kawaida ni yeni 230. Anayeshuka kwa miguu kutoka hekalu la Kiyomizu-dera, akapita ngazi za Sannenzaka na Ninenzaka hadi Gion, ameacha kiti kwa mwenye haja nacho. Si jambo dogo.

Lakini faida kubwa kuliko zote ni ya kusomeshwa mji. Chini ya kuta za nyumba za kale utaona uzio wa mianzi uliopindwa kama ubavu wa jahazi: huo huitwa inuyarai, nao huukinga ukuta na matope ya mvua, na mbwa wanaoinua mguu. Kwenye kona fulani kumebandikwa lango dogo jekundu la mahali patakatifu, si kubwa kuliko kiganja. Mgeni huliona pambo. Mwenyeji anajua ni onyo kwa walevi wasijisaidie hapo na kwa wavivu wasitupe taka. Juu ya kibaraza cha paa amesimama Shoki, sanamu ya udongo ya mfukuza mashetani. Na mlangoni mwa bustani ya hekalu unaweza kukuta jiwe la kuenea mkononi, limefungwa kamba nyeusi, limewekwa tu katikati ya njia. Maana yake: hapa hapapitwi.

Mwongoza watalii hodari atakupeleka pia kusikotangazwa. Mashariki ya mto, karibu na hekalu linalomtukuza mtawala Toyotomi Hideyoshi, kuna kilima kiitwacho Mimizuka, yaani kilima cha masikio. Ndani yake zimezikwa pua na masikio ya Wakorea waliouawa majeshi ya Hideyoshi yalipovamia nchi yao kati ya 1592 na 1598. Vilikatwa na kupelekwa Japani vikiwa vimetiwa chumvi, vithibitishe idadi ya waliouawa. Mtu anaweza kukaa Kyoto wiki nzima, akarudi kwao na picha mia tano, na asijue kwamba alipita mita chache kutoka hapo.

Sasa turudi kwenye lile jiwe la kamba nyeusi, maana ndilo ufunguo. Wakyoto wana sifa, ambayo Wajapani wa kwingine huisimulia kwa utani, kwamba hawakufukuzi. Mwenyeji akikuuliza kama utakula bubuzuke, wali uliomwagiwa chai, jua muda wako umekwisha. Mtu wa Unguja au Mombasa hahitaji kufafanuliwa. Anaijua "karibu" ya moyoni na anaijua "karibu" ya adabu. Nyumba za burudani za Gion zenyewe kwa desturi hazimpokei asiyeletwa na mteja wanayemfahamu. Mji wa namna hii hutegemea watu waelewe bila kuambiwa. Kwa hiyo baraza la wakazi wa Gion lilipobandika mabango mwaka 2019 kwamba anayepiga picha bila ruhusa kwenye njia za watu binafsi atatozwa yeni 10,000, huo kwa kipimo cha Kyoto ulikuwa ukelele. Haukusikika. Kulikuwa na malalamiko ya maiko kufuatwa, kuzibiwa njia, hata kuvutwa kimono. Mwaka 2024 baraza hilo likafunga kabisa baadhi ya vichochoro binafsi kwa wageni. Hanamikoji yenyewe ni barabara ya umma, ikabaki wazi.

Hapa watetezi wa ziara husema: hao ni watalii wasio na mwongozaji, waliokuja na simu zao na haraka zao. Kwa kiasi fulani ni kweli. Mgeni aliyeelezwa mapema kwamba maiko yuko kazini mara nyingi hujizuia. Lakini fanya hesabu. Kundi la watu wanane ni dogo kwa anayeliuza. Kwa anayeishi kichochoroni, makundi kumi ni watu themanini kwa jioni moja, na kundi halipiti kama mtu mmoja anavyopita. Kazi yake ni kusimama: lisikilize, litazame juu, lingoje aliyebaki nyuma. Katika njia yenye upana wa hatua mbili tatu, watu wanane waliosimama ni mlango uliofungwa.

Sheria nayo ilibadilika. Tangu 1949 Japani haikuruhusu mtu kuwaongoza wageni kwa lugha ya kigeni kwa malipo bila leseni ya taifa, na mtihani wake haukuwa mchezo: lugha, historia, jiografia. Januari 2018 kizuizi hicho kiliondolewa. Wenye leseni walibaki na jina lao rasmi, lakini kazi ikawa wazi kwa yeyote. Sikubaliani na wanaoyaita mabadiliko hayo kosa tupu; wenye leseni hawakutosha, na idadi ya wageni ilikuwa inapanda kwa kasi hadi kufikia takriban milioni 36.9 nchini kote mwaka 2024. Ila ukweli ni kwamba neno "mwenyeji" kwenye tangazo sasa halithibitishi kitu. Anaweza kuwa mtu aliyeishi Gion miaka hamsini, au aliyehamia juzi na kukariri hadithi kumi.

Kyoto na Waswahili wana jambo moja linalowaunganisha, na linafaa hapa. Mwaka 1965 mtafiti Toshisada Nishida wa Chuo Kikuu cha Kyoto alianza kuwafuatilia sokwe wa milima ya Mahale, kando ya Ziwa Tanganyika. Hifadhi ya taifa ikatangazwa huko mwaka 1985. Mtalii wa Mahale leo hukutana na kanuni zisizo na utani: wageni wasiozidi sita, saa moja tu na sokwe, umbali wa mita 10, barakoa usoni. Silinganishi watu na wanyama, nalinganisha kanuni. Ile ya Mahale haiishii kwenye ukubwa wa kundi. Inauliza pia mtakaa muda gani na mtasimama wapi. Ziara za Gion zimechukua namba, zikaacha mengine yote kwa hiari ya muuzaji.

Kuhusu fedha, niseme kidogo. Mgeni anayelala Kyoto hulipa kodi ya malazi, iliyoanza mwaka 2018, na kiwango chake cha juu kimepandishwa kuanzia Machi 2026 kutoka yeni 1,000 hadi 10,000 kwa usiku. Anayelala Osaka, nusu saa kwa treni, akaja kwa ziara ya jioni na kurudi, hailipi. Ameutumia mtaa, ada yake imekwenda kwa mwongozaji na kwa tovuti iliyowakutanisha, na mkazi wa Gion amebaki na kelele.

Nikilazimishwa kuchagua, ningezitetea ziara za asubuhi za Nishijin na kuziacha za jioni za Gion. Nishijin maana yake ni kambi ya magharibi, jina lililobaki kutoka vita vya Onin vya 1467 hadi 1477, ambavyo baada yake wafumaji wa hariri walirudi na kukaa hapo. Nyumba zao ni machiya, za mbao, nyembamba upande wa barabara na ndefu kwenda ndani, ndiyo maana huitwa malazi ya mkunga, yule samaki mrefu kama nyoka. Hesabu ya mwaka 2016 ilikuta nyumba kama hizo takriban 40,000 mjini Kyoto, na zinazidi kupungua. Wageni wanane wanaolipa kiingilio katika karakana ya mfumaji, wakatoka na kipande cha kitambaa, wanampa mwenye nyumba sababu ya kutoibomoa. Gion ya jioni haina karakana ya kuwapokea. Kinachouzwa pale ni mtu anayepita njia.

Najua pingamizi, nalo linanisumbua. Nishijin nako kuna watu wanaoanika nguo na watoto wanaolala mchana, na hakuna aliyewauliza kama wanataka kuwa nafuu ya Gion. Hanamikoji pia iliwahi kuwa njia ambayo wageni wachache waliijua. Kuwatawanya watalii kunaweza kuwa kuusambaza mzigo tu, isipokuwa mtaa wenyewe upewe kauli juu ya saa na idadi ya makundi, kama baraza la Gion lilivyojitwalia kauli hiyo baada ya kuchoka.

Mpaka hapo, anayetaka kujua ananunua nini aitazame picha ya kwanza ya tangazo. Ikiwa ni uso wa maiko, amekwisha kujua jioni yake itakwendaje. Wapo waongozaji wa namna nyingine: wanaofika mbele ya jiwe la kamba nyeusi, wakawaonyesha wageni jinsi fundo lilivyofungwa, kisha wakageuka na kundi lao kurudi walikotoka.