Jina la mama mdogo limeondolewa na hakuna aliyemuita

Jumatatu nilimsindikiza mama mdogo kulipa kodi ya ardhi ya kiwanja chake cha Ujiji, Kigoma. Yeye huwa anakuja na karatasi zote kwenye mfuko wa nailoni, ofa (barua ya kumilikishwa kiwanja), mkataba wa mauziano wenye mihuri ya serikali ya mtaa na risiti zote tangu 1998. Kijana wa kaunta akaingiza namba ya kiwanja, akatazama kompyuta, akaingiza tena. Akasema taratibu, "Mama, hapa jina limeshabadilika."

Mama mdogo akadhani hajasikia vizuri, akasogea karibu na kioo.

Ilivyo ni kwamba pale alimuachia mjomba, marehemu kaka yake, akae na watoto. Mjomba alipofariki watoto wakafungua mirathi na kiwanja wakakiorodhesha kama mali ya baba yao, ikapita, karatasi zikapelekwa ofisi ya ardhi, jina likabadilishwa. Mama mdogo yupo Mwandiga, anauza mawese, mwenyekiti wa mtaa wa Ujiji ana namba yake ya simu na jina lake ndilo lililo kwenye ofa. Hakuna mtu aliyempigia! Tukaambiwa tangazo lilibandikwa. Kwenye ubao gani, kwa siku ngapi, na nani alitegemea mama wa miaka 64 atoke Mwandiga kuja kusoma ubao kila wiki kuangalia kama kiwanja chake bado ni chake?

Hapo ndipo nilipokasirika na mpaka leo hasira haijaisha. Mimi sisemi mama mdogo lazima ashinde. Nasema alipaswa kuitwa. Mtu ambaye jina lake liko kwenye daftari la ardhi ndiye wa kwanza kutafutwa kabla halijaguswa, apelekewe wito mkononi, asaini, apewe nakala ya wanachodai wenzake na muda wa kutafuta mashahidi, halafu akae mbele ya anayeamua na aruhusiwe kuwauliza maswali wanaosema kiwanja si chake. Hii sio hisani ya ofisi. Katiba yetu ya Tanzania ya 1977 ibara ya 13(6)(a) inasema haki ya mtu ikiwa inaamuliwa na mahakama au chombo kingine chochote anastahili kusikilizwa kwa ukamilifu, na pia haki ya kukata rufaa. Chombo kingine chochote, yaani hata ofisi. Na Mahakama ya Rufani imesema zaidi ya mara moja kwamba uamuzi uliotolewa bila kumsikiliza mhusika ni batili hata kama angesikilizwa matokeo yangekuwa yale yale. Sasa kama majaji wameshafika huko inakuwaje huku chini mtu anafutwa na anakuja kujua siku ya kulipa kodi?

Sawa, nakubali daftari lazima lirekebishwe mara nyingine. Kuna ofa za kughushi, kuna viwanja vilivyogawiwa watu wawili, na kuna watu wanakimbia wito makusudi miaka na miaka. Ndiyo maana Sheria ya Usajili wa Ardhi, Sura ya 334, kifungu cha 99, inaruhusu rejista ya ardhi, yaani hilo daftari, kurekebishwa, kwa amri ya Mahakama Kuu au na Msajili ambaye uamuzi wake unakatiwa rufaa huko huko. Lakini utakataje rufaa ya jambo ambalo hukujua limeamuliwa? Siku za rufaa zinahesabika wewe uko sokoni unapima mawese.

Na wale binamu zangu siwaiti wezi. Wamezaliwa pale, ule mwembe wa uani wameukuta, pengine baba yao hakuwahi kuwaambia. Wangekutanishwa na shangazi yao mezani mapema labda yangeisha siku moja. Sasa hawasalimiani.

Kinachofuata ni safari. Kuanzia 2021 baraza la kata linasuluhisha tu, haliamui, ikishindikana unakwenda baraza la ardhi na nyumba la wilaya, na kama ni kupinga mirathi yenyewe unarudi kule kule ilikofunguliwa. Afadhali Mahakama Kuu siku hizi ipo hapa hapa Kigoma, zamani ilikuwa mpaka upande treni uende Tabora. Ila nauli, kuchapisha, wakili, siku za biashara zinazopotea, vyote vinamuangukia ambaye hakuitwa.

Jana usiku tumeandika barua. Nilitaka kuweka mambo mengi, vifungu na malalamiko, mama mdogo akanizuia. "Mwanangu, andika mawili tu. Waniambie niliitwa tarehe gani, na nani alisaini kupokea huo wito."

Alhamisi tunaipeleka, na nakala tunagongesha muhuri wa kupokelewa.